Tatu, Kimya, Mbili

Ukitaka kumuudhi Sikujua wa Ngokolo, muulize anafanya kazi gani, na akishakujibu muulize tena, "Sawa, lakini kazi hasa?" Miaka sita alikuwa ameulizwa hivyo na mashangazi, na wanakwaya wenzake, hata na karani wa serikali ya mtaa aliyekuwa akimwandikia barua ya utambulisho. Yule karani alifikiri sana, akalamba kidole, akaandika "mama wa nyumbani." Na hapo mume hana, mtoto hana. Sikujua aliipokea barua ile akasema asante, akaenda kulia chooni.

Alikuwa mtunzi wa muziki wa gemu. Ile michezo ya kwenye simu ambayo watu hucheza wakiwa kwenye foleni ya benki ina muziki ndani yake, na kila muziki kuna mtu aliyekaa kitako akautunga. Kwa Shinyanga nzima, kadiri alivyojua yeye, mtu huyo alikuwa mmoja tu, na alikuwa akifanyia kazi kwenye chumba ambacho zamani kilikuwa stoo ya mahindi.

Alianzia kwenye kinanda cha kanisa. Kisha akawatengenezea biti vijana wa mtaani waliotaka kuwa wasanii, ambao wengi waliishia kuendesha bodaboda. Kisha intaneti ikamletea watu waliotaka milio: mlio wa kitufe, mlio wa sarafu, mlio wa mchezaji akifa. Miaka minne alitunga milio ya nusu sekunde. Mwaka huu ndipo studio moja changa ya Dar es Salaam ilipomtafuta kwa gemu nzima, habari ya kakakuona anayechimba ardhini, tabaka baada ya tabaka, akimtafuta mwanawe. Abdulshakur, kijana aliyeiongoza studio hiyo, alikuwa amesikiliza watunzi kumi na wawili akasimama kwa Sikujua, na sababu ilikuwa moja.

"Ule mlio wa chuma," alimwambia kwenye simu. "Tatu, kimya, mbili. Nimeusikia mara moja, siku mbili hautoki kichwani. Umeutoa wapi?"

"Hapa hapa nyumbani," alijibu Sikujua.

Wala hakudanganya. Tangu mama yake afariki, nyumba ilikuwa ya watu wawili, yeye na baba yake, Mzee Benjamini, fundi baiskeli mwenye mguu mmoja mbovu. Mzee alifanyia kazi barazani. Kila alipotulia kidogo, akiwaza au akimsubiri mteja, spana iliyokuwa mkononi ilianza yenyewe kugonga ringi. Mara tatu. Kimya. Mara mbili. Halafu alikuwa akiinamisha kichwa kidogo, kama mtu anayesubiri kuitikiwa, halafu anaanza upya. Sikujua alikua na mlio huo masikioni, akauzoea kama wengine wanavyozoea kikohozi cha baba yao. Siku moja akauweka kwenye rekoda, akaujengea ngoma na filimbi, ukawa uti wa mgongo wa muziki wote wa kakakuona.

Sasa kazi ilibaki kipande kimoja, cha tabaka la chini kabisa. Kilitakiwa Jumamosi, kabla ya saa sita mchana, kwa sababu saa sita hiyo Abdulshakur alikuwa akiionyesha gemu kwa watu ambao wangeisambaza nje ya nchi. Kikichelewa au kikiwa kibovu, studio ingenunua muziki uliokwisha tengenezwa, unaouzwa kwenye mtandao kama mitumba, na Sikujua angerudi kwenye milio ya vitufe.

"Nataka kwenda Nyarugusu," alimwambia baba yake Jumanne jioni. "Nikarekodi karasha zikisaga, na akina mama wanaoponda mawe. Kipande hiki kinataka mawe ya kweli."

Mzee Benjamini alikuwa akibandika kiraka. Aliwahi kuchimba dhahabu Nyarugusu. Duara, lile shimo la kuchimbia, likamwangukia, akarudi na mguu ule, na habari nzima aliyowahi kumpa Sikujua ni hiyo.

"Mawe hata hapa yapo."

"Karasha haipo, baba."

"Usifikie kwa watu wangu."

"Watu gani?"

Alikibana kiraka kwa kidole gumba mpaka ukucha ukawa mweupe. "Basi usifikie kwa mtu yeyote," alisema, na mazungumzo yakaishia hapo.

*

Jumatano alipanda basi la alfajiri, akapita Kahama, akapita Bulyanhulu, na njia iliyobaki akaimalizia kwa bodaboda, kompyuta ameikumbatia kifuani. Nyarugusu ilimpokea kwa vumbi na makelele. Karasha zilikuwa zikisaga mawe, na pembeni yake akina mama waliokaa chini, miguu wameinyoosha, walikuwa wakiyaponda yale madogo kwa nyundo. Sikujua alikaa nao saa nzima na rekoda yake. Alikuwa na furaha ya mtu aliyekuta anachokitafuta.

Mwenye karasha kubwa aliitwa Januari. Alikuwa pia na kibanda cha video chenye spika mbili za urefu wa mtu, na tabia ya kuzungumza na mtu mmoja kwa sauti ya kusikiwa na watu hamsini.

"Kwa hiyo dada umetoka Shinyanga, umelipa nauli, umekuja kurekodi kelele?"

"Kelele zenu ni nzuri, kaka."

"Na hiyo ndiyo kazi?"

"Ndiyo kazi."

"Nauliza kazi hasa."

Watu wakacheka. Angeweza kunyamaza, na mwenye busara angenyamaza. Lakini kuna neno mtu akirudiwa nalo miaka sita, siku ya siku linamtoa kwenye mstari. Januari alipomwambia aunganishe kompyuta yake kwenye spika za kibanda, wasikie huo muziki wa msomi, Sikujua aliunganisha. Tena alifungua sauti yote.

Filimbi ilitangulia, kisha ngoma, kisha chuma. Tatu. Kimya. Mbili.

Nyundo za akina mama zilikoma. Karasha moja ikazimwa, ya pili ikazimwa, na Sikujua, Mungu amsamehe, akadhani wamevutiwa. Alitabasamu. Alikuwa bado anatabasamu mwanamume mmoja alipompita mbio, karai la mawe limemwagika nyuma yake, akipaza sauti, "Duara la nani? Duara la nani?" Watu wakatoka kila upande kuelekea mashimoni. Wengine walijilaza kifudifudi wakatega sikio kwenye udongo. Majina yakaanza kuitwa. Mama mmoja mzito, aliyekuwa amekaa na Sikujua muda wote ule, aliinuka akakimbia na nyundo yake mkononi, akilitaja jina la mwanawe.

Chuma kikaendelea kugonga kwenye spika, maana muziki wa gemu haumaliziki wenyewe. Januari ndiye aliyegundua. Aliung'oa waya kwa mkono mmoja, na kwa mkono mwingine akaichukua kompyuta.

Hakuna duara lililokuwa limeanguka. Lakini waliokuwa chini waliposikia juu watu wanakimbia walipanda kwa kusukumana, na kijana mmoja, Ngusa, aliteleza kwenye ngazi akavunjika kifundo cha mguu. Walimpitisha mbele ya Sikujua amebebwa mgongoni. Hakumtukana. Alimtazama tu kwa mshangao, na hilo lilimuuma Sikujua kuliko matusi.

*

Usiku huo alilala kwa yule mama mzito, Mama Paskazia, aliyempa mkeka na ugali. Alhamisi asubuhi wakaitwa kwenye kikao. Walikuja wachimbaji kama thelathini, Ngusa akiwa ameegemezwa kwenye gunia, mguu umefungwa vibao. Mbele alikaa Mzee Selestine, mwenyekiti wa machimbo yale, mtu mwembamba anayepima maneno. Kompyuta ilikuwa mapajani mwake, imefungwa kwa kanga.

"Shikamoo mzee," alisema Sikujua.

"Marahaba. Simama hapo tukuone." Akasimama. "Mlio ule, binti, si wimbo. Mtu akifukiwa huko chini anagonga bomba la upepo. Tatu, ananyamaza, mbili. Maana yake, nipo hai. Ukisikika, kila mtu hapa anaacha kila kitu, hata kama amemshika mwizi. Haupigwi kwa mchezo. Watoto wetu wakiupiga kwa mchezo wanachapwa. Sasa wewe umeupigia spika."

"Sikujua, mzee."

"Jina lako au jibu lako?" aliuliza Januari, na watu wachache wakacheka, ila Mzee Selestine aliwatazama wakaacha.

"Sikuwa najua maana yake," alisema Sikujua. Alijikaza kisabuni. "Nimeyakosea machimbo yote, na nimemkosea Ngusa. Naomba mnisamehe. Matibabu yake yapo juu yangu." Hela aliyokuwa nayo ilikuwa ya maiki mpya, na ilikuwa imeshakwenda zahanati asubuhi ile.

"Mlio umeutoa wapi? Huu hauandikwi popote."

"Kwa baba yangu. Anaugonga kwenye ringi za baiskeli, tangu nikiwa mdogo."

"Baba yako nani?"

"Benjamini. Fundi baiskeli wa Ngokolo. Alifukiwa hapa kabla sijaanza shule."

Nyuma, kwa akina mama, kitu kizito kilianguka chini. Ilikuwa nyundo ya Mama Paskazia.

"Anaugonga mpaka leo?" aliuliza yule mama.

"Kila siku, mama."

Mama Paskazia akajipenyeza mpaka mbele. Hakuzungumza na kikao, alizungumza na Sikujua. "Walifukiwa wawili, yeye na mchimbaji mwenzake, Onesmo. Tulikuwa tunawasikia kwa kupitia duara la jirani, wagongaji wawili. Siku ya pili akabaki mmoja. Tukachimba usiku na mchana. Kugonga ukuta kumjibu hatukuweza, ukuta ulikuwa unamwaga kokoto, ungewaua na wanaochimba. Tukamjibu kwenye bomba, huku juu. Wanaume walikuwa wanachimba, kwa hiyo nikapiga mimi. Siku zote tatu nilipiga jibu, kwa nyundo, mkono ukavimba hivi. Siku tuliyomtoa ndipo tukaona bomba lilikatikia katikati. Hakusikia hata moja."

"Hamkumwambia?"

"Tumwambie vipi?" alisema Mzee Selestine. "Tulimfuata hospitali, akageukia ukuta. Nikaenda mwenyewe mpaka Ngokolo, nikafungiwa mlango. Nasikia aliwaambia watu kwamba sisi tulirudi kufukua mawe ya dhahabu, tukamkuta humo kwa bahati."

Sikujua alikumbuka kile kichwa kinachoinama kidogo baada ya mbili. Miaka ishirini na mbili alikuwa akikiona, na leo ndipo alipojua baba yake alikuwa anasubiri nini. Machozi yalimtoka mbele ya watu wote, hakuyafuta.

"Tunachotaka ni kitu kimoja," alisema mwenyekiti, kwa sauti ya chini kuliko mwanzo. "Mlio ule ufutwe."

Aliufuta mbele yao, kwenye kompyuta, kwenye rekoda na kwenye simu, na mwenyekiti akaifunga tena kompyuta kwa kanga. Januari, ambaye hakuwa mjinga, akauliza kama Dar es Salaam hawana nakala. Sikujua akampigia Abdulshakur hapo hapo, akaweka sauti ya wazi, akaeleza.

"Pole sana kwa yaliyotokea," alisema Abdulshakur. "Lakini usiutoe, Sikujua. Huo mlio ndio uliokupa kazi. Halafu tuseme ukweli, watakaocheza hii gemu hawako huko machimboni."

Wachimbaji thelathini walitazamana. Karibu kila mmoja alikuwa na simu mkononi au mfukoni.

"Mwambie mimi nina gemu nne," alisema Ngusa kutoka kwenye gunia lake.

"Amekusikia," alisema Sikujua. Kisha akaisogeza simu mdomoni. "Abdulshakur, siku moja gemu hii itachezwa hapa, mtu kaiwasha kwa sauti kando ya duara, halafu tena mtu anavunjika. Au siku ya duara kuanguka kweli, wanasema ni gemu ya mtu, hawaendi. Mlio huo futa. Sitaki jina langu kwenye kitu kama hicho."

"Jumamosi saa sita haisogei," alisema Abdulshakur. "Na bila ule mlio sijui unacho nini. Kama kitakachokuja hakifikii kile, nanunua muziki wa mtandaoni. Sitakuwa na la kufanya."

"Saa sita utakuwa nao."

Alikata simu. Alikuwa ameahidi kitu asichokuwa nacho, na watu wote wale walijua. Akamgeukia Mama Paskazia. "Mama, jibu lilikuwa linapigwaje?"

Mama yule alimtazama mwenyekiti. Wazee wakasogeleana, wakaongea Kisukuma kwa muda. Januari naye akasogea, na aliyekataa mwanzoni akakubali, na aliyekubali akataka kukataa. Mwisho Mzee Selestine akaifungua ile kanga, akamkabidhi Sikujua kompyuta yake.

"Wito haupigwi ovyo kwa sababu unakimbiza watu," alisema. "Jibu halijawahi kumkimbiza mtu. Chukua. Ila apige yeye."

Januari alizima karasha zake zote mbili ili kupatikane utulivu, na hakuna aliyemwomba. Bomba kuukuu likaletwa, likachomekwa kwenye udongo. Mama Paskazia akatema mate viganjani, akashika nyundo. Jibu lilikuwa tatu tu, za polepole, kila moja ikiachwa ipotee yote kabla ya inayofuata. Sikujua alitaka dakika moja. Mama alipiga robo saa, macho ameyafumba, na hakuna aliyethubutu kumwambia basi inatosha.

*

Ijumaa nzima Sikujua hakutoka kwenye stoo ya mahindi. Aliubomoa muziki wote wa kakakuona, tabaka kwa tabaka, maana uti wa mgongo wake ulikuwa umekwisha futwa, na bila mlio ule ulikuwa hauna mbele wala nyuma. Alijaribu kuliweka jibu pale pale ulipokuwa wito, likagoma. Lilikuwa la polepole mno, liliburuza ngoma zote. Alipandisha mwendo wa jibu akajichukia, kwa kuwa lilikuwa limegeuka kuwa mlio wa kengele ya shule. Akalirudisha. Saa kumi alasiri ndipo alipoacha kubishana nalo. Akapunguza mwendo wa ngoma mpaka zikamfuata Mama Paskazia, akapunguza filimbi, akaziacha nafasi wazi kati ya pigo na pigo. Katika matabaka ya juu hakuliweka kabisa. Mchezaji angechimba, angechimba, na chini kabisa, akishakata tamaa, ndipo angelisikia.

Baba yake alimwekea chai mlangoni mara mbili, na mara mbili aliikuta imepoa. Hakuuliza habari za Nyarugusu. Sikujua naye alijaribu kumwambia mara tatu, na kila alipofungua mdomo aliona maneno hayatoshi, tena angeweza kufungiwa mlango kama Mzee Selestine.

Jumamosi saa tano kasoro faili lilikwenda. Alibeba kompyuta na spika yake ndogo, akaja kukaa barazani kusubiri, maana ndani kulikuwa kama kumeishiwa hewa. Mzee Benjamini alikuwa na baiskeli ya mteja, imepinduliwa magurudumu juu. Alikuwa amemaliza kunyoosha njiti, anamsubiri mwenyewe aje. Spana ikaanza. Tatu. Kimya. Mbili.

Sikujua akabonyeza. Akaanzia tabaka la chini kabisa.

Filimbi ikapita. Ngoma zikaingia polepole. Mzee alikuwa hasikilizi, spana yake ilikuwa kwenye ringi, tatu, kimya, mbili, kichwa kikainama kidogo. Na kwenye spika nyundo ya Mama Paskazia ikagonga bomba. Moja. Ikapotea yote. Mbili. Ikapotea yote. Tatu.

Spana ilibaki hewani.

Simu ya Sikujua ikalia ujumbe. Alitupia jicho moja tu. Abdulshakur alikuwa ameandika kwamba wamesikiliza mara nne, kwamba ule wa kwanza wameshausahau, na kwamba alitaka jina kamili la aliyepiga kile chuma, aliandike mwisho wa gemu pamoja na lake. Ujumbe huo aliungoja miaka sita. Aliiweka simu chini, kioo kikitazama sakafu.

"Nani anapiga hiyo?" aliuliza baba yake.

"Mama Paskazia."

"Lini?"

"Hii nimeirekodi juzi. Lakini alipiga na zamani, baba. Siku zote tatu, mkono ukavimba. Walikuwa wanakusikia, wanachimba. Bomba lilikatikia katikati."

Mzee Benjamini aliitazama spana kama chombo cha mtu mwingine. Aliiweka kwenye boksi lake. Alitaka kukaa, kigoda kilikuwa mbali, akakaa chini kwenye saruji na mguu wake mbovu ameunyoosha mbele, kama wanavyokaa akina mama wa Nyarugusu.

"Ilikuwa bomba," alisema.

"Ilikuwa bomba."

"Mimi nilidhani wameondoka."

Mwenye baiskeli akafika, akaona sura ya fundi, akarudi akasimama ng'ambo ya barabara. Nyundo ilipiga tena, moja, mbili, tatu, na filimbi ikafifia. Mzee Benjamini akashtuka, akanyoosha mkono kuelekea kwenye spika.

"Irudie," alisema. "Usiizime. Irudie."

"Inajirudia yenyewe, baba," alisema Sikujua. "Muziki wa gemu hauna mwisho. Mpaka mtu atoke."